Silaha ya Taifa Hailazwi Chini

Nchi ninayoisimulia sitaitaja jina, kwa kuwa haimo kwenye ramani yoyote, na wewe uliyeanza kucheka hapo nyuma nyamaza, haikuhusu. Ilikuwa na mito mizuri, mpunga mwingi, Baba wa Taifa mwenye afya njema kuliko taifa lenyewe, na Wizara ya Bahati. Mimi naitwa Mashavu, na katika Wizara hiyo nilikuwa Mpiga Vigelegele Daraja la Pili. Usidharau. Siku ya usaili tulifika wanawake wengi mno, wengine wakakauka koo mbele ya kamati, wengine wakaishia kukohoa. Mimi nilipiga kimoja tu, katibu wa kamati akadondosha miwani. Kazi ikawa yangu.

Kazi yenyewe ilikuwa nyepesi. Taa ya dhahabu ikiwaka, napiga kigelegele. Isipowaka, nimekaa kwenye kiti changu, nimefunga mdomo, nakula mshahara. Kupiga kigelegele bila taa kuwaka lilikuwa kosa, sheria ililiita uzushi wa furaha, na adhabu yake ni kufukuzwa siku hiyo hiyo. Kwa hiyo nilikuwa mwanamke wa kunyamaza sana, jambo ambalo marehemu mume wangu asingeliamini.

*

Zamani katika nchi hiyo mtu akitaka mkuki alikwenda kwa mhunzi, akasema nataka mkuki, mhunzi akampima mkono, akamfulia mkuki. Serikali ilipolichunguza jambo hili iliingiwa na hofu. Yaani mtu anataka mkuki na anapata mkuki! Mheshimiwa Ngulungulu, Waziri wa Bahati, alisimama Bungeni asubuhi akakaa alasiri, akieleza kwamba huo ni upendeleo wa wazi, na kwamba penye haki ya kweli mtu hajui atakachopata. Wabunge wakagonga meza. Wahunzi wakafungiwa viwanda vyao, na wale waliolalamika wakaajiriwa kupiga makofi.

Tangu hapo silaha zote, kuanzia kisu cha kumenyea viazi, zilitoka kwenye Sanduku la Taifa. Kila wilaya ilikuwa na lake, dude la chuma lenye mpini ubavuni na mdomo mpana chini. Unatumbukiza shanga, unavuta mpini, Sanduku linaunguruma, linapiga wimbo wa taifa beti zote, kisha taa inawaka. Taa ya bluu ni nyota tatu: umepata upawa au mchi wa kutwangia. Taa ya zambarau ni nyota nne: umepata upinde usio na uzi, au ala isiyo na jambia. Taa ya dhahabu ni nyota tano, na hapo ndipo ninapoingia mimi.

Juu ya Sanduku lilitundikwa bango la msimu. Msimu huo bango lilionyesha mkuki uitwao Ngurumo ya Baba, umeshikwa na askari aliyesimama juu ya jabali huku upepo ukipeperusha nywele zake, ingawa askari wetu wote walinyolewa kipara kwa amri. Wananchi walilitazama bango lile mpaka shingo zikawauma. Na msiseme serikali ilificha kitu. Uwezekano wa kupata nyota tano ulikuwa sita kati ya elfu, na uliandikwa waziwazi kwenye karatasi iliyobandikwa chini ya tumbo la Sanduku, kwa yeyote aliyeweza kulinyanyua.

Shanga zilipatikana kwa uzalendo. Unasalimia bendera kila asubuhi, unafagia ofisi ya wilaya, unampigia makofi mgeni rasmi hata kama hajafika. Ukikosa siku moja unaanza upya. Wenye nafasi zao walinunua shanga dirisha la tatu, wakapewa na soda.

Na kwa kuwa Baba wa Taifa ana moyo, palikuwa na Huruma. Ukivuta mara tisini bila dhahabu, ile ya tisini lazima iwe dhahabu. Watu walilisikia hilo wakalia kwa shukrani. Mimi mwenyewe nililia, sikatai.

*

Semeni binti Mbaga alikuja ukumbini kwetu akitoka Bonde la Kwambele, kwenye mashamba ya mpunga kando ya mto, na macho yake yalikuwa bado mekundu kwa msiba. Kaka yake, Mbaruku, alikuwa mlinzi wa mashamba yale. Mtoni humo palikuwa na kiboko dume ambaye watu wa bondeni walimwita Diwani, kwa sababu alikuja kila mavuno, akala vya watu, akaondoka bila kuaga. Mbaruku, raia mtiifu, alikwenda kumzuia kwa silaha aliyoivuta kihalali, nayo ilikuwa upawa. Mbaruku alizikwa. Upawa ulipatikana mzima, na Wizara ikatoa taarifa kwa redio kwamba silaha ya taifa imenusurika.

Watu wa bondeni wakamchagua Semeni awe mlinzi badala ya kaka yake. Alikuwa na watoto wake wawili na wawili wa Mbaruku, na wote wanne walikuwa wakila kutoka kwenye mpunga ule ule ambao Diwani aliupenda. Mavuno yakiliwa mwaka wa pili mfululizo, bonde zima lingehama. Basi akamuuliza karani wetu swali la adabu kabisa: kaka yake alikwisha kuvuta mara themanini na ushei, je, hawezi kuhesabiwa yeye hesabu ile?

Karani alifungua kanuni akasoma. Huruma hairithiwi. Tena marehemu aliacha kuvuta bila kutoa taarifa, kwa hiyo alionyesha utovu wa bidii.

"Basi nitaanza mimi," akasema Semeni.

Akaanza. Wallahi, sijapata kuona mtu akifagia ofisi namna ile. Alifagia mpaka mkuu wa wilaya akaogopa kutema mate. Akaja akavuta, bluu, mchi. Akafagia, akavuta, bluu, upawa. Bluu, mchi. Bluu, mchi. Zambarau moja, ala tupu. Alibeba michi ile kichwani hadi bondeni, maana kuitupa ni kosa, kuichoma kuni ni kosa, na kuiuza ni uhaini. Mimi kwenye kiti changu nilianza kumwombea, jambo ambalo halikuwemo katika mkataba wangu.

Ikafika ya tisini. Sanduku likaunguruma, likaimba, na taa ikawaka dhahabu ukumbi mzima. Nikasimama nikapiga kigelegele hata vumbi la miaka likashuka kutoka darini. Kwenye mdomo wa Sanduku kikatoka kitu kirefu, kinang'aa, kizito. Semeni akakipokea kwa mikono miwili.

Kilikuwa mwavuli. Mwavuli wa Vita, nyota tano, umepakwa dhahabu kiasi kwamba haufunguki.

Karani akampa mkono wa pongezi. Semeni akauliza kama kiboko huogopa mwavuli. Karani akamweleza polepole, kama mtu anayeongea na mgonjwa, kwamba Huruma iliahidi nyota, haikuahidi mkuki. Ndani ya Sanduku dhahabu ikishapatikana hurushwa sarafu: upande mmoja kilicho kwenye bango, upande wa pili chochote cha dhahabu kilichobaki stoo. Yeye sarafu ilimwangukia vibaya. Lakini asikate tamaa, maana dhahabu yake itakayofuata ni kilicho kwenye bango bila sarafu, dhamana ya serikali.

Kabla ya kuondoka alisimama mbele ya kiti changu, mwavuli begani.

"Dada, wewe ulinipigia kigelegele," akasema. "Ulikuwa unashangilia nini?"

Sikuwa nimewahi kuulizwa. Nikasema nilikuwa nashangilia taa. Alinitazama kidogo, akaitikia kwa kichwa, akaenda kufagia.

*

Akavuta tena msimu wote uliosalia. Mpunga kule bondeni ukachanua, ukaanza kuinama. Hesabu yake ikapanda mpaka karani mwenyewe akawa anamtengea kiti. Siku aliyokuja na shanga zake za mwisho alimkuta fundi yuko juu ya ngazi, anashusha Ngurumo ya Baba na kupandisha bango jipya, Shoka la Mama, limeshikwa na askari yule yule juu ya jabali lile lile, ila safari hii nywele zilipeperuka kushoto.

Hesabu ya Semeni ilikuwa sifuri. Huruma haihami bango, karani alisema, wala dhamana haihami, na ilikuwa imeandikwa tangu mwanzo kwenye karatasi ile ile chini ya tumbo la Sanduku.

Nilidhani atapiga kelele. Mimi ningepiga, tena ningemvua karani ile tai yake. Semeni aliziweka shanga zake juu ya meza, zote, akasema hazihitaji tena. Akajitwika mchi wake wa mwisho akaondoka. Karani alihangaika na zile shanga siku nzima, maana kanuni haikuwa na kifungu cha mtu kurudisha.

*

Yaliyofuata bondeni nimeyapata kwa Bi Siwatu, mwanamke mkongwe kuliko wote Kwambele na mtiifu kuliko wote nchini. Bi Siwatu alikuwa anazijua sheria za Sanduku kwa moyo, kifungu kwa kifungu, na mojawapo ilisema hivi: silaha ya taifa hailazwi chini, itasimamishwa wima kwa heshima wakati wote. Wenzake waliegemeza michi yao ukutani nyuma ya nyumba wakaiita wima. Bi Siwatu hakuridhika. Kuegemea si kusimama, alisema. Alichimba vishimo akaipanda michi yake mmoja baada ya mwingine, wima kama askari wa gwaride, na kwa kuwa ua wake ulikuwa mdogo, iliishia kuzunguka bustani yake ya maboga. Bonde lote lilimcheka.

Asubuhi ile Semeni aliporudi alikuta Diwani amepita. Alikuwa ameanza kuonja. Alikanyaga viazi vya jirani, akala mahindi ya jirani wa pili, akafika kwenye maboga ya Bi Siwatu, akayazunguka, akaondoka. Nyayo zake zilionekana waziwazi kwenye tope. Semeni alizifuata akiwa ameinama, mara ya kwanza, mara ya pili, kisha akakaa chini na mchi wake mapajani.

"Bibi," akasema, "hakuingia."

"Ataingiaje na tumbo lile?" akajibu Bi Siwatu. "Mnyama mwenyewe hawezi kuruka hata kizingiti cha choo. Lakini mimi sikuipandia yeye. Nimeipandia sheria."

Jamani. Kila nyumba ya Kwambele ilikuwa na lundo la michi. Miaka yote ya kusalimia bendera, kufagia, kupiga makofi na kuvuta, yote ilikuwa imegeuka michi, migumu, mizito, ya mti wa mninga kutoka karakana ya shemeji yake Waziri. Semeni akapita mlango kwa mlango. Hakuhubiri. Alimwuliza kila mtu kama silaha zake za taifa zimesimama wima kwa heshima, na kila mtu akaona haya. Walichimba siku kadhaa, wanawake, wanaume, waliokuwa wakimcheka Bi Siwatu wakamletea uji. Michi ikasimama kuuzunguka mpunga wote, bega kwa bega, na pale ilipopungua wakajazia mapawa na ule mwavuli wa dhahabu, ambao ulifaa sana kuwa mwimo wa lango.

Diwani alikuja, akanusa, akarudi mtoni.

Na hakuna mtu wa Kwambele aliyekwenda tena kuvuta.

*

Wizarani kukawa na fadhaa. Ukumbi wetu ulinyamaza mpaka nikasikia saa ya ukutani. Mheshimiwa Ngulungulu aliunda tume, tume ikasema bonde limepatwa na ugonjwa wa kutovuta, unaoambukiza kwa kuonana. Dawa ni kuwapelekea Sanduku mlangoni. Basi Sanduku likapakiwa kwenye tela la trekta, bendi ya matarumbeta ikapanda nyuma pamoja na karani, walinzi wa Waziri wakashika silaha zao za nyota nne, na mimi nikakalishwa juu ya Sanduku lenyewe na kitenge kipya, niko tayari.

Tulisimama kwenye ukingo kati ya mto na ule ua. Watu wa Kwambele walikuwa ndani, wamesimama kwenye majaruba, mpunga umewafika kiunoni, njano kabisa. Mheshimiwa alipanda telani kama jukwaani akauliza nani amewapa ruhusa kuzigeuza silaha za taifa kuwa ua.

Semeni akaja hadi langoni. Alisema hawajageuza kitu. Sheria inataka zisimame wima, nazo zimesimama, Mheshimiwa anaweza kuzikagua moja moja, hata moja haijalala. Bi Siwatu nyuma yake akataja kifungu kwa namba.

Mheshimiwa akapepesa macho. Lakini Waziri ni Waziri. Akasema ni kweli silaha zisimame, ila hakuna popote palipoandikwa zisimame karibu karibu. Michi zaidi ya mitano ikisimama pamoja bila kibali ni mkusanyiko haramu. Akauamuru ule ua utawanyike.

Ua haukutawanyika.

Hapo ndipo alipoanza hotuba. Alianza na uhuru, akapita kwenye ukoloni, akazungukia uzazi wa mpango, akaeleza kwamba anayejilinda mwenyewe anamtukana anayemlinda. Akasema ushindi bila bahati ni wizi. Jua likashuka. Bendi ikasinzia. Akiwa anakaribia tamati, akatumbukiza shanga kwenye Sanduku kwa mkono wake mwenyewe ili awaonyeshe wananchi utamu walioukataa, na akaushika mpini.

Na kwa kuwa saa yake ya kula ilikuwa imefika, Diwani akatoka mtoni.

*

Nimesikia watu wakieleza ukubwa wa kiboko. Waongo. Ukiwa juu ya Sanduku naye yuko chini yako, hakuna maneno. Niliruka kutoka juu ya lile dude na miaka yangu hii, kitenge kikabaki. Mlinzi mmoja alichomoa ala, akakumbuka haina jambia. Wa pili alivuta upinde usio na uzi, akatazama mikono yake. Tarumbeta zikatupwa, bendi ikawa imeshafika barabarani. Mimi, karani, Mheshimiwa na walinzi wake tukajikuta langoni, tumegandamana kwenye michi, kwa nje.

"Fungua," akasema Mheshimiwa.

Ndani mtu mmoja akasema ngoja, tumletee Waziri mabua elfu, sita kati yake marefu, avute, akipata refu aingie. Watu walicheka kicheko cha watu walioumizwa muda mrefu. Mwingine akasema akikosa mara tisini tumhurumie. Mimi sikucheka, mgongo wangu ulikuwa upande wa kiboko, lakini nilikiri moyoni kwamba ilikuwa haki.

Semeni alinyanyua mkono wakanyamaza. Alikuwa anamtazama Mheshimiwa usoni, na nilidhani namwona akimfikiria Mbaruku na ule upawa.

"Unataka nini, Mheshimiwa?" akauliza.

"Nataka kuingia."

"Basi ingia. Huku mtu hupewa anachokihitaji."

Akafungua. Akatuingiza sote, mpaka karani, kisha akafunga.

Diwani alikwenda moja kwa moja kwenye Sanduku, pengine kwa sababu lilikuwa nene kama yeye na limesimama kwenye njia yake. Akalipiga pua, likaanguka kutoka kwenye tela. Akafumbua kinywa akauma mpini, akauvuta. Sanduku likaunguruma. Likaimba wimbo wa taifa beti zote, huku limelala ubavu. Kisha taa ikawaka.

Dhahabu. Ukingo wote wa mto ukawa dhahabu, na kwenye mdomo wa Sanduku likateleza Shoka la Mama, lenyewe hasa, zuri kuliko pichani, likatua miguuni pa kiboko.

Karani, mtu ambaye hajapata kukiuka utaratibu hata akiwa anatetemeka, alisema kwa sauti ndogo kwamba kisheria silaha ni ya aliyevuta, na mshindi ni Diwani.

Mheshimiwa akanigeukia. Jasho lilikuwa linamtiririka hadi kwenye nishani. "Mashavu," akasema, "taa imewaka. Piga."

Nilitazama ile taa. Nimeishangilia miaka mingi, na ilikuwa nzuri, siwezi kusema uongo. Nikafunga mdomo.

Diwani akalikanyaga shoka, likazama kwenye tope, akaja kwenye ua. Aliweka pua kwenye michi akasukuma. Michi ikalia. Watu wakaja mbio wakaiwekea mabega kwa ndani, Bi Siwatu naye, Semeni katikati, na mimi nikajikuta nimeweka bega langu karibu na lake. Diwani akasukuma tena. Nilisikia pumzi yake kwenye vidole vyangu, ya moto na yenye harufu ya majani. Hakuna mchi uliolala. Akasimama pale kitambo, akakoroma, akageuza lile tumbo lake polepole, akashuka mtoni. Nyuma yetu mpunga ulikuwa umesimama wote.

Semeni akateleza mpaka chini, mgongo kwenye michi, akamlilia Mbaruku, mara ya kwanza mimi kumwona akilia. Kule nje taa ya Sanduku ilikuwa imezimika, na ukingo ulikuwa giza.

Nikavuta pumzi nikapiga. Sijui kama nimewahi kupiga kama kile. Ng'ambo ya mto mbwa waliitikia.

Mheshimiwa akanisogelea. "Mashavu, hakuna taa iliyowaka."

"Naona, Mheshimiwa," nikasema, na nikapiga cha pili.